Mwaka Tuliompokonya Chausiku Sauti

Tulikutana Chaani, mimi na Salama, kwenye kikao cha matanga ya Ouma, kabla mwili haujasafirishwa kwenda kwao bara. Turubai lilikuwa limefungwa kati ya nyumba mbili, na wanawake wa jirani walikuwa wakigawa chai ya maziwa kutoka kwenye sufuria kubwa. Salama alitoka Malindi, anakoishi tangu astaafu ualimu, na alilitambua gongo langu la kutembelea kabla hajaniona uso. Tulishikana mikono muda mrefu. Kijana wa Ouma akaja kutuamkua, na nadhani kwa kutaka kutuchangamsha akatoa simu yake akatuonyesha tangazo. "Mama zangu, mnaijua hii? Ni katuni ya zamani sana ya Kijapani, ya msichana na ndege wa chuma. Ilikuwa ya vipindi vingi. Sasa wameifufua, wameigeuza sinema tatu, mpya kabisa, kwa watoto wa siku hizi. Haijawahi kufanywa." Salama akanitazama, nami nikamtazama. Mbele yetu ilisimama picha ya marehemu imezungushiwa maua, na mwanawe hakuwa na habari kwamba babake aliifanya kazi hiyo hiyo chumbani mwangu, Bombolulu, kwa mashine mbili za video na godoro lililoegemezwa ukutani. Naiandika sura hii kwa ajili ya kijana huyo.

Ilikuwa mwishoni mwa miaka ya themanini. Nilikuwa msichana nafanya kazi ya kutengeneza mikufu na bangili kwenye karakana ya watu wenye ulemavu kama mimi, kwa sababu mguu wangu wa kushoto ulipooza nikiwa mdogo, na nilikuwa nimepanga chumba kwa Mama Kadzo, mjane wa Kigiriama aliyekuwa akiuza kunde na mboga mbele ya nyumba yake. Chumba chenyewe kilikuwa na kitanda, stovu ya mafuta ya taa, na dirisha lililotazama jikoni kwa jirani, hivi kwamba kila mchana nilijua jirani anapika nini na anamsema nani. Leo nina nyumba yenye vyumba vitatu na hakuna hata kimoja ninachokikumbuka nikifumba macho. Kile cha Bombolulu nakiona chote: ufa wa ukutani wenye umbo la mkia wa samaki, harufu ya mafuta ya taa na nazi, na kamba ya nguo iliyopita katikati, ambayo baadaye Ouma aliigeuza kuwa ya kuning'inizia maikrofoni.

Junda, mwendo kidogo kutoka kwangu, palikuwa na ukumbi wa video wa mzee mmoja aliyeitwa Famau. Nyumba ya udongo, mabenchi, televisheni moja juu ya meza, na spika iliyotundikwa nje juu ya mlango ili wapita njia wajue kinachoonyeshwa ndani. Famau alikuwa na jamaa yake baharia aliyemletea kanda za katuni hiyo. Jina la katuni lilikuwa limeandikwa kwa maandishi tusiyoweza kuyasoma, na mazungumzo yalikuwa ya Kijapani mwanzo mpaka mwisho. Kwa miaka Famau alisimama kando ya televisheni na fimbo, akiwaeleza watoto kinachotendeka, na mara nyingi akidanganya. Sisi tuliokulia Kisauni tulilelewa na uongo ule. Tulijua tu kwamba kuna msichana, mamake amechukuliwa na watu wa mji wa chuma, naye anapanda ndege wa chuma kumtafuta. Lakini mwaka ule watoto walikuwa wameshazoea sinema za mapigano. Picha za kuchorwa waliziona za kizamani, hadithi inakokota, mzee mwenyewe sauti imechoka. Wakawa wanainuka katikati na kutoka. Ouma, ambaye alikuwa fundi wa televisheni huko Changamwe na ndiye aliyemtengenezea Famau mashine zake, aliwaona wakitoka, na jambo lile likamuuma kana kwamba ni yeye aliyeichora. "Hadithi haijazeeka," alituambia. "Ni vile inaletwa. Tukate yote yenye kulala, tubakishe sinema tatu, na hawa watu waongee Kiswahili."

Salama nilisoma naye shule ya msingi. Alikuwa binti wa Maalim Bakari, aliyekuwa akisomesha watoto Kurani kwenye chuo kilichopakana na nyumba yake, nyumba chache tu kutoka kwa Famau. Alikuwa mtu wa kusema polepole, lakini alipokuwa akisimulia jambo ungesahau ulichokuja kufanya. Nilipomwambia Ouma kwamba naijua sauti ya yule msichana, sikufikiria zaidi ya hapo. Salama alikuwa akija kwangu siku zote kushona kofia, na alipoambiwa asome maneno ya msichana niliyoyatunga kwa kufuata picha, aliyasoma mara moja huku sindano ingali mkononi. Ouma alikuwa amechuchumaa kwenye mashine. Aligeuka akasema, "Ni huyo." Jina la Kijapani la msichana lilitushinda ulimi, tukamwita Chausiku. Mimi nilikuwa sauti ya ndege. Ouma alikuwa mfalme wa mji wa chuma, kwa Kiswahili chake cha bara ambacho Salama alikicheka mpaka machozi, kisha tukakubaliana kwamba mfalme mgeni ana haki ya kuzungumza kigeni.

Tatizo letu la kwanza lilikuwa mlango. Ukiachwa wazi, kunguru na majirani wanaingia kwenye kanda. Ukifungwa, ni wasichana wawili na mwanamume mmoja ndani ya chumba kilichofungwa, na dirisha la jirani linasikiliza. Mama Kadzo ndiye aliyelimaliza. Alikuja na ungo wake wa kunde, akaketi kitandani kwangu, akasema, "Fungeni. Mimi niko." Tangu siku ile kila Jumapili mchana alikuwa nasi, akibambua kunde, amekatazwa kusema. Ilikuwa adhabu kwake. Kwa kuwa tulipoiondoa sauti ya Kijapani tuliondoa na kila mlio, tulilazimika kuitengeneza yote upya: mchele ukitikiswa kwenye ungo ulikuwa mvua, bati lililokunjwa lilikuwa mabawa, na kifuniko cha sufuria yangu ndicho kilikuwa lango la mji wa chuma. Salama aliposema kwa mara ya kwanza maneno ya Chausiku akiwa juu ya jabali, "Mama! Ukinisikia, nijibu!", Mama Kadzo alilia kwa sauti, na kilio chake kikabaki kwenye kanda. Ouma alikataa kukifuta. Tulipomaliza tulikula wali na kunde hizo hizo, sahani moja, tukibishana. Maana ugomvi haukwisha. Ouma alisema tuna ruhusa ya kukata lakini hatuna ruhusa ya kubadilisha, kwa sababu kuna watu walioitunga kwa jasho lao. Mimi nilisema kwamba ukishaipa hadithi ulimi mwingine umeshaibadilisha, unapenda usipende.

Sinema ya kwanza ilionyeshwa Idi mosi. Watoto walikaa mpaka mwisho, wakatoka, wakaingia tena. Baada ya wiki kila kichochoro cha Junda kilikuwa na mtoto juu ya ukuta akipiga kelele, "Mama! Ukinisikia, nijibu!" Ya pili ilipotoka, hata wanawake walianza kuja, wakaketi benchi za nyuma na buibui zao. Nilifurahi, lakini furaha yenyewe ilikuwa na donge. Jina la Salama hatukulitaja popote, lakini spika ya Famau ilikuwa juu ya mlango, na nyumba ya Maalim ilikuwa palepale. Nilimuuliza Salama kama babake amesema chochote. "Hajasema," akanijibu. "Lakini akiisikia, huacha kuvuta tasbihi."

Alikuja Jumapili moja baada ya sala ya alasiri. Tulikuwa ndiyo kwanza tumeianza ya tatu. Tukasikia hodi, na mkono wa Mama Kadzo ukasimama juu ya ungo. Salama alizijua hatua za babake, alikuwa ameshasimama kabla sijafungua. Maalim Bakari alikuwa mtu mwembamba, mrefu, kanzu yake imepigwa pasi mpaka mikunjo inakata. Tukamwamkua sote, "Shikamoo, Maalim," akaitikia marahaba moja kwa wote. Hakuingia. Alisimama kizingitini akatazama godoro ukutani, maikrofoni kwenye kamba ya nguo, bati, sufuria, kisha akamtazama Mama Kadzo muda mrefu, na nafikiri kumwona mwanamke mzima mle ndani kulimpunguzia jambo moja kati ya yaliyomleta.

"Ndoo, Salama," akasema, akimwita kwa mkono. "Twaa buibui lako."

"Baba, hatufanyi ubaya," Salama akasema.

"Sijanena ubaya. Watu wa Likoni wamekuja."

Watu wa Likoni walikuwa ndio waliomposa. Salama alishawahi kunitajia, kwa namna ya mtu anayetaja safari ya mtu mwingine. Maalim akaeleza pale pale mlangoni, sauti chini, huku jirani ameacha kukuna nazi ili asikie. Bi Zuena, mamake bwana harusi, alikuwa amepita Junda akasikia spika, akauliza ni nani huyo, na mtoto wa barabarani akamwambia. Akaenda moja kwa moja kwa Maalim. "Ameniambia hawaoi sauti ya mtaa mzima," Maalim akasema, na nikaona neno lile limemchoma mpaka ndani. "Nami nimempa ahadi. Sauti ya mwanangu haitasikika tena mle." Kisha akamgeukia Ouma. "Wewe kijana, sina ugomvi nawe. Lakini usiitie tena katika kanda. Wallahi nitakuja na watu."

Ouma alisema, "Nimeelewa, mzee." Salama alichomoa sindano kwenye kofia aliyokuwa akishona, akaikunja kofia, akaiacha kitandani. Hakutuaga.

Siku zilizofuata zilikuwa ngumu. Famau alikuwa ameshaandika kwa chokaa ukutani kwamba mwisho wa Chausiku unakuja, na watoto walimsumbua kila siku. Alitishia kuzichukua kanda zake akasimame tena na fimbo. Nilijaribu kumsema Chausiku mimi. Ouma alirekodi, tukasikiliza, na Mama Kadzo, ambaye sasa hakuna aliyemkataza kusema, akatikisa kichwa. "Huyo ni ndege amevaa nguo za Chausiku." Ouma akataka tuokoteze maneno ya Salama kutoka sinema mbili za kwanza tuyaunge. Nilikataa. Maalim alikuwa ametoa ahadi, na hata kama niliichukia ahadi yenyewe, sikutaka kuwa mtu wa kuivunja kwa hila. Nje kulikuwa na mvua ya kweli kwa mara ya kwanza mwezi ule. Nami, kwa hasira tu, nikasema, "Basi asiseme. Mfalme amempokonya sauti. Amemfungia sauti yake ndani ya mji wa chuma. Watu wote wataongea isipokuwa yeye."

Ouma aliruka. "Hiyo si hadithi yao."

"Ndiyo yetu sasa. Nenda kawatazame watoto wanaomsubiri, uwaambie nani kampokonya."

Tulibishana mpaka Mama Kadzo akatutoa nje sote wawili tukapate hewa. Ugumu ulikuwa mwisho wa sinema. Katika kanda za asili Chausiku anamkuta mamake akifanya kazi katika safu ya wanawake waliosahaulishwa watoto wao, na mama hamtambui kwa uso. Anamtambua pale msichana anapomwita. Ukimnyima sauti, mama atageukaje? Ouma alikaa kwenye mashine wiki nzima baada ya kazi, na alipomaliza akanionyesha. Kila kitu kilikuwa na mlio wake mpaka pale. Kisha Chausiku anafungua mdomo, na hakuna kitu. Hata upepo alikuwa ameuondoa. Mdomo unakwenda, kimya, kimya, kisha mama anageuza shingo. "Wacha watu waone mdomo," akasema. Alikuwa amechoka hata macho yamemwingia ndani. "Kila mtu atie chake."

Siku moja kabla ya kuonyeshwa, Salama alituma mtoto aniletee visheti, nikaenda kurudisha bakuli. Tulikaa jikoni kwao, yeye akipepeta mchele. Alikuwa amekonda. Aliniuliza habari za karakana, akaniuliza habari za Mama Kadzo, kisha, bila kuinua macho, "Mmefanyaje pale kwa mamake?" Nikamweleza. "Kimya chenyewe ni kirefu?" akauliza. Nikasema ni kirefu kuliko kinavyovumilika. Akaendelea kupepeta.

Ukumbi ulijaa mchana ule mpaka Famau akatoa mabenchi ya mbele ili watoto wakae chini. Wanawake nyuma, bega kwa bega. Nilimwona Bi Zuena akiingia na binti zake wawili na wajukuu, wamevuka feri kutoka Likoni, nikaelewa kwamba amekuja kuhakikisha. Akaketi wima, mkoba mapajani, akisikiliza kila neno kama mtu anayepima kitambaa. Na kweli, hakukuwa na sauti ya Salama. Ndege aliongea, mfalme aliongea, wafungwa waliongea. Chausiku alikwenda kati yao na mdomo umefungwa. Watoto mwanzoni walilalamika, "Mbona hasemi?", kisha wakaacha, na nikaona wameanza kumtazama usoni, jambo ambalo katika sinema mbili za kwanza hawakulifanya. Uso wa Bi Zuena ukalegea. Aliinama akamwambia bintiye jambo, wakatabasamu.

Kikafika kimya. Chausiku akasimama mbele ya safu ya wanawake, akafungua mdomo. Sikusikia hata mtoto kukohoa. Na kutoka nyuma, benchi ya mwisho kabisa, mwanamke mmoja akasimama, buibui mpaka kwenye nyusi, akasema. Hakupiga kelele. Alisema kama mtu anayemwita mwenziwe chumba cha pili.

"Mama. Ni mimi. Ukinisikia, nijibu."

Na katika televisheni mama akageuza shingo.

Sijui niueleze vipi mlio uliotoka kwa wale watoto. Famau alishika kichwa. Ouma, kando ya mashine, alikuwa amesimama na mikono imening'inia, analia waziwazi. Mimi nilikuwa namtazama Bi Zuena. Alikuwa amegeuka, anamtazama Salama, na Salama akauteremsha taratibu ukaya uliomfunika pua na mdomo, akamwonyesha uso wake wote, akamwambia, "Shikamoo, mama." Bi Zuena hakuitikia. Alikusanya wajukuu wake, wakatoka, mmoja wao akivutwa mkono huku anageuka kutazama picha.

Tulitembea pamoja hadi kwao, mwendo wangu wa gongo ukituchelewesha, na Salama hakuniharakisha. Nilimuuliza kama anajua alichokifanya. "Najua," akasema. "Nilimwambia baba simtaki yule mtu, akasema ameshatoa neno. Basi nami nimetoa langu." Maalim alikuwa barazani. Watoto walikuwa wametutangulia na habari, hapakuwa na haja ya kuulizana. Alimtazama bintiye akipanda ngazi, akasema, "Umevunja neno langu mbele za watu." Salama akasema, "Abee, baba." Alipita ndani. Kesho yake vitu vya posa vilirudi Likoni, na tangu siku hiyo Maalim hakusema na mwanawe.

Watu huniambia kwamba wazee wetu walikuwa wakali, yakaisha. Mimi niliuona ukali huo kwa karibu na haukuwa wa kelele. Kila Ijumaa nilikwenda kula nao, kwa kuwa Salama aliniomba asibaki peke yake na kimya kile. Mamake alikuwa ameshafariki miaka mingi. Tulikaa mkekani watatu, sinia moja, wali wa nazi na samaki wa kupaka, na Maalim alikula upande wake akitazama mlango. Akitaka chumvi aliniomba mimi, nami nilimwomba Salama. Sauti ya meno yangu ilikuwa ikinikera. Salama alikuwa ameomba nafasi ya chuo cha ualimu na fomu zilihitaji sahihi ya mzazi, zikakaa chini ya kitabu rafuni, hakuna aliyezigusa.

Kwa Famau, huko, sinema ya tatu iliendelea. Salama hakurudi tena pale, lakini watoto walikuwa wameshajua. Kila ilipofika kwenye kimya wenyewe waliinuka, ukumbi mzima, wakaita kwa pamoja, "Mama! Ni mimi! Ukinisikia, nijibu!" Ouma aliniambia hajawahi kutengeneza kitu kikafanya kazi vizuri namna hiyo kwa kuharibika. Spika ilitupa sauti ya sinema, lakini sauti zile hazikuhitaji spika. Zilipita juu ya mapaa. Nusu yao walikuwa wanafunzi wa Maalim.

Ijumaa moja tulikuwa tumeketi kula, na kwa Famau wakafika pale penye kimya. Watoto wakaita. Mkono wa Maalim ukasita juu ya sinia. Tukangoja upite ule mlio, ukapita, na jogoo akawika nje. Maalim akameza tonge, akafuta vidole, akasema, huku bado anatazama mlango:

"Yule mamake. Alimjua?"

Nilidhani ananiuliza mimi. Nikafungua mdomo, Salama akaniwahi.

"Alimjua, baba."

"Kwa sauti?"

"Kwa sauti."

Akaitikia kwa kichwa mara kadhaa. Kisha akageuka, kwa mara ya kwanza baada ya muda ule wote, akakaa akimkabili, akamwondolea samaki miiba akamwekea upande wake wa sinia, kama anavyotendewa mtoto. "Basi nihadithia tangu mwanzo," akasema. "Ile spika ya Famau mbovu. Nusu ya maneno sikuyapata."

Salama akaanza. Alisimulia polepole, kwa sauti ya kwao, mpaka wali ukapoa na hakuna aliyeugusa.